Fundi wa Kompyuta Anajibu: Mafaili ya DLL ya Programu za Zamani

Programu yetu ya stoo ya vipuri iliandikwa kwa lugha ya Visual Basic 6. Kijana anayeitunza aliifungasha upya kwenye kompyuta yake ya Windows 10. Nikiiweka kwenye kompyuta ya kaunta, yenye Windows 7, kisakinishi (programu inayoiweka) kinasema mafaili ya mfumo yamepitwa na wakati, nizime na kuwasha. Nikiwasha, yaleyale. Nimeshazima mara tano. (Msomaji, Morogoro)

Hata ukizima mara hamsini hutatoka hapo. Kabla ya kugusa programu yenyewe, kisakinishi cha Visual Basic 6 husoma faili la maandishi liitwalo SETUP.LST, sehemu ya Bootstrap Files. Humo mna orodha ya mafaili kinayoyataka kwanza, kila moja na tarehe, ukubwa na namba ya toleo. Kikikuta la kwenye kifurushi ni jipya kuliko lililomo kwenye kompyuta, kinapanga kulibadilisha wakati wa kuwasha. Kijana wenu amefungasha OLEAUT32.DLL (DLL ni faili la msimbo linalotumiwa na programu nyingi kwa pamoja) ya Windows 10, ambayo toleo lake huanza na 10.0, ya Windows 7 huanza na 6.1. Lakini hilo ni faili la Windows yenyewe, na Windows 7 hairuhusu kisakinishi kulibadilisha. Ukiwasha, faili ni lilelile, na ombi linarudi lilelile. Shukuru kwamba imekataa: faili hilo la Windows 10 lingeingia kwenye Windows 7, programu nyingine nyingi zingegoma.

Dawa ya haraka ni hii. Nakili kifurushi chote kwenye folda ya diski, tuseme C:\stoo, kwa sababu kwenye CD huwezi kuhariri. Fungua SETUP.LST kwa Notepad. Utaona mistari inayoanza hivi:

File1=@VB6STKIT.DLL
File2=@COMCAT.DLL

na kuendelea hadi MSVBVM60.DLL. Acha VB6STKIT.DLL peke yake. Hilo ni la kisakinishi. Futa COMCAT.DLL, STDOLE2.TLB, ASYCFILT.DLL, OLEPRO32.DLL, OLEAUT32.DLL na MSVBVM60.DLL, kwani yote hayo Windows 7 inayo tayari. Mstari uliobaki lazima uitwe File1. Wengi hukosea hapa: kisakinishi huhesabu kwa mfululizo, na kikikuta namba imerukwa hudhani orodha imeisha. Hifadhi, kisha endesha setup.exe kwa haki za msimamizi.

Dawa ya kudumu iko kwa kijana. Anapofungasha, mafaili ya mfumo asiyachukue kwenye Windows yake. Visual Basic 6 ilikuja na nakala zilizokusudiwa kusambazwa, zimo kwenye folda ya Redist ndani ya PDWizard, chombo chake cha kufungashia.

Programu ya ada za shule inatoa kosa namba 339, inasema faili la MSCOMCTL.OCX halipo au halijasajiliwa (halijaandikishwa kwa Windows). Nimelipakua mtandaoni na kuliweka System32 kwenye Windows 10 ya biti 64. Bado. (Msomaji, Tanga)

Umeliweka nyumba ya jirani. Kwenye Windows ya biti 64 majina yamekaa kichwa chini: System32 ni ya mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ndiyo ya biti 32. Kisakinishi cha zamani hakihitaji kulijua hilo. Kikiandika System32, Windows inakipeleka SysWOW64 kimyakimya. Wewe unayenakili kwa mkono huelekezwi na mtu.

Lifute ulikoliweka, tena usilitumie. Tovuti zinazogawa DLL moja moja siziamini hata kidogo, na kwa faili hili kuna sababu ya ziada. Mwaka 2012, Aprili na tena Agosti, Microsoft ilitoa marekebisho ya mianya ya usalama ndani ya MSCOMCTL.OCX, mianya iliyomwezesha mhalifu kuiteka kompyuta kwa hati iliyotegwa. Nakala za kabla ya hapo bado zinazunguka, na zimo hata kwenye CD za programu nyingi za zamani. Chukua sasisho la Visual Basic 6.0 Service Pack 6 kwa Microsoft wenyewe. Faili likishakaa SysWOW64, fungua kidirisha cha amri kwa haki za msimamizi, uandike:

C:\Windows\SysWOW64\regsvr32.exe C:\Windows\SysWOW64\mscomctl.ocx

Ukipata 0x80004005 au 0x8002801C, mara nyingi umesahau haki za msimamizi. Ukiambiwa moduli haikupakiwa ilhali faili unaliona, kuna faili jingine ambalo hilo hulitegemea, nalo halipo. Ukiambiwa DllRegisterServer haipatikani, faili hilo si la kusajiliwa. Kuwepo mahali pake kunatosha.

Nikiondoa programu naulizwa kama faili la pamoja lifutwe kwa kuwa hakuna anayelitumia. Nijibu nini? (Msomaji, Kisumu)

Hapana, kwa yote. Windows huweka hesabu kwenye rejesta (hifadhi yake ya mipangilio), sehemu ya SharedDLLs: kila kisakinishi huongeza moja, kila uondoaji hupunguza moja, na ikifika sifuri ndipo unaulizwa. Ila hesabu hiyo inategemea uaminifu wa visakinishi. Programu iliyonakiliwa kutoka kwenye flashi haikuhesabiwa popote, kwa hiyo faili linaweza kusoma sifuri huku programu mbili zinalitegemea. Faili lililobaki bure linakula kilobaiti chache tu.

Setup.exe ya mwaka 1996 inakataa kabisa kwenye Windows ya biti 64, lakini programu yenyewe ni ya biti 32. Inawezekanaje? (Msomaji, Mwanza)

Kisakinishi ni cha biti 16, na Windows ya biti 64 haina tena sehemu ya kuendesha vitu hivyo. Baadhi ya visakinishi vilivyotengenezwa kwa InstallShield 5, Windows inavitambua na kuvibadilishia injini ya biti 32 yenyewe, chako hakimo. Sakinisha ndani ya mashine pepe (kompyuta inayoigwa na programu ndani ya kompyuta yako) yenye Windows XP ya biti 32, kisha hamisha folda ya programu pamoja na mafaili ya OCX na DLL iliyoyaongeza, uyasajili kama tulivyomweleza msomaji wa Tanga. Usitafute Windows 11 ya biti 32, haikutengenezwa.