Ukienda Istanbul kuchukua mzigo, dola zako zitulize

Wadada mnanijaza meseji kuhusu Istanbul, nguo bei gani, kago kilo sh ngapi, hoteli ya Laleli (ule mtaa wa maduka ya jumla ya nguo) iko poa? Hakuna hata mmoja anayeuliza habari za lira, pesa ya Uturuki, na huko ndo pesa inakoliwa.

Safari yangu ya pili ilikuwa mwezi wa 11, 2021. Nilikuwa na dola 3,000 za oda ya magauni, yule abi wa karakana (abi ndo kaka kwao) akaniambia ukinilipa lira keshi nakupunguzia. Nikajiona mjanja, nikabadilisha zote siku hiyohiyo, dola ilikuwa kama lira 9.6, nikatoka na lira 28,800 nikazificha kwenye soksi. Oda ikachelewa wiki ya kwanza, ya pili, kila nikienda nanyweshwa chai tu kwenye vile viglasi vyembamba kiunoni na bei inapanda, eti kitambaa tunanunua kwa dola. Na kweli, ndo hivyo.

Kipindi hicho Rais Erdoğan anashikilia kwamba riba kubwa ndo inaleta mfumuko wa bei, basi benki kuu inashusha riba huku vitu vinapanda na lira inaporomoka. Jumatatu tarehe 20/12 dola ikagonga lira 18. Chakula hakipiti, nikakimbilia duka la kubadilishia, zile 28,800 nikapewa dola 1,600. Usiku huohuo rais akatokea kwenye TV akasema serikali itawafidia wenye akiba za lira ikishuka, kuamka dola iko kwenye 13 hivi!! Ningelala tu na soksi yangu ningepata 2,200. Nililia jamani.

Kwa hiyo badilisha ya kula na nauli ya siku mbili tatu basi. Bei ya oda iandikwe kwa dola kwenye karatasi, advansi ndogo, inayobaki ukishaona mzigo. Msinambie mambo yametulia, 2023 kaja waziri wa fedha Şimşek, riba ikapandishwa hadi 50% Machi 2024, ndio, lira haianguki kwa kishindo kama zamani ila inashuka taratibu kila mwezi. Noti yao kubwa ni ya 200, ilipotoka 2009 ilikuwa zaidi ya dola 120, leo haifiki hata dola 6.

Siasa ziacheni. Waturuki watakulalamikia kodi ya nyumba mpaka uchoke, wewe itikia tu, kumtukana rais kule ni kesi. Machi 2025 walipomkamata meya wa Istanbul, İmamoğlu, watu walijaa Saraçhane kwenye ofisi za jiji, na pale na Laleli ni kutembea kwa mguu, ukikuta umati umeshika bango usisimame kupiga video, pita zako.

Yule abi bado ananishonea. Siku hizi yeye mwenyewe lira hataki.