Damu ya kwenye mrija bado inakula
Wadogo zangu mlioingia maabara mwezi huu, wengi mmetoka kwenye DNA, nayo ni pole. Ukiacha mrija wa damu mezani ukaenda kula, ukirudi jeni ni zilezile. Metaboliti, yaani molekuli ndogo kama sukari na asidi ambazo mwili huzitumia na kuzitengeneza, hazikungoji. Chembe nyekundu huendelea kula glukosi na kutoa laktati hata zikiwa kwenye mrija. Katika joto la chumba, glukosi hupungua kwa asilimia 5 hadi 7 hivi kila saa.

Hilo nililisoma chuoni, lakini nililielewa siku niliyoaibika. Tulipokea sampuli kutoka kliniki mbili. Za kliniki ya pili zilikuwa na glukosi chini, laktati juu, na wengi wa watu wake walibeba badiliko moja la jeni. Nikashangilia wiki nzima, nikidhani jeni ndiyo sababu. Kumbe bodaboda aliyeleta mirija hiyo alikuwa akipitia kwingine kwanza, damu inakaa saa tatu bila kuingia kwenye sentrifuji, mashine inayoizungusha ili chembe zitengane na plazma, yaani majimaji yake. Nilichokigundua ni ruti ya bodaboda. Sasa kila mrija nauandikia wakati damu ilipotolewa na wakati plazma ilipoingia friza ya nyuzi 80 chini ya sifuri. Na mkipanga foleni ya sampuli kwenye mashine ya kupima metaboliti, msiweke wagonjwa leo na wazima kesho, maana mashine nayo hubadilika siku hadi siku. Changanyeni foleni (foleni jamani, si damu).

Msidhani bila mashine hizi hakuna kazi. Mwaka 1902 daktari Archibald Garrod wa London aliandika juu ya alkaptonuria, ugonjwa ambao mkojo wake hugeuka mweusi ukikaa. Alichunguza mkojo, kisha akauliza habari za ukoo, akaona wazazi wa wagonjwa mara nyingi ni mtu na binamu yake. Mwanabiolojia William Bateson akamwonyesha kwamba hayo yanafuata kanuni za urithi za Mendel. Jeni yenyewe, HGD, ilikuja kutambuliwa 1996.

Mkifika kwenye uchambuzi, msitazame metaboliti mojamoja tu. Jeni hutoa maelekezo ya kimeng'enya, na kimeng'enya hugeuza kitu kimoja kuwa kingine, kwa hiyo gawanyeni kilichotoka kwa kilichoingia. Jeni ya FADS1, ambayo kimeng'enya chake husaidia kutengeneza asidi ya mafuta iitwayo arakidoniki, ni mfano mzuri. Asidi ya arakidoniki peke yake hupanda na kushuka kwa mlo, ila uwiano wake na asidi inayotangulia kwenye njia hiyo huonyesha athari ya jeni waziwazi zaidi.

Kuhusu mlo, swali la "umefunga?" halitoshi. Mama mmoja aliniapia hajala chochote tangu jana, na grafu ikatoa mnara wa kafeini. Nilipomuuliza tena akacheka: "Chai ya rangi nayo ni chakula, mwanangu?" Siku hizi fomu yangu inauliza chai, kahawa na dawa, kila kimoja na mstari wake.