Filamu yangu haina maneno, nitaipeleka wapi?

SWALI: Shikamoo mama. Mimi napiga video za harusi na sendofu hapa Dodoma, ndiyo riziki yangu. Nimetengeneza filamu ya dakika tisa: bibi yangu kule Bahi anapepeta uwele, basi. Hakuna mwigizaji wala neno. Wenzangu wanasema hiyo si filamu, haina hadithi. Nawaza kuishi kwa kazi ya namna hii. Inawezekana, au najisumbua?
Kijana wa Nkuhungu

JIBU: Marahaba mwanangu. Filamu uliyonitumia nimeitazama na kuirudia. Pale makapi yanapopita mbele ya jua na uso wa bibi unapotea, kisha ungo ukishuka unamwona tena, mimi nilishika pumzi. Hadithi ni hiyo. Usiweke msimulizi, na muziki usiweke. Sauti ya ungo inatosha, ila upepo umeipiga maiki mpaka inanguruma. Rudi Bahi alfajiri, upepo ukiwa umetulia, maiki umeivisha sponji na manyoya, urekodi sauti peke yake.

Kuhusu kuishi kwa kazi hii, filamu za majaribio, yaani zisizofuata hadithi ya kawaida kama hii yako, hazina msambazaji anayekusubiri mlangoni. Wanaozitengeneza huzibeba wenyewe. Maya Deren, mzaliwa wa Kyiv aliyekulia Marekani, mwaka 1943 alipiga filamu fupi isiyo na mazungumzo nyumbani kwake, kwa kamera ya milimita 16, yeye na mumewe Alexander Hammid. Hakukaa kungoja studio. Mwaka 1946 alikodi ukumbi wa Provincetown Playhouse, New York, akaonyesha kazi zake mwenyewe. Mwaka huohuo akapata ufadhili wa Guggenheim, mfuko wa Marekani unaosaidia wasanii na wasomi. Alizunguka vyuoni akionyesha na kuhutubia, akaandika pia. Kutafuta watazamaji ilikuwa sehemu ya kazi yake kama kushika kamera.

Kwa hiyo harusi usiziache, ndizo zinazolisha kamera. Nenda Bodi ya Filamu kwanza, maana Sheria Namba 4 ya 1976 inataka kibali cha kupiga filamu na ukaguzi kabla ya kuionyesha hadharani. Kisha anzia Bahi: projekta, shuka jeupe ukutani, bibi na majirani zake wakae mbele. Wasikilize wanachosema. Baada ya hapo waombe wanafunzi wa sanaa pale Chuo Kikuu cha Dodoma, UDOM, wakupe jioni moja, na uitume tamasha la filamu la ZIFF, Zanzibar.

Akitokea mtu anataka kuinunua, usimwuzie haki zote, hata akikuwekea hela mezani. Mpe ruhusa ya kuionyesha kwa muda, kwa maandishi. Mafaili ya awali yaweke kwenye diski mbili, nyumba mbili tofauti. Vumbi la Dodoma unalijua.

Jambo moja la uhariri: ile picha ya ng'ombe mwishoni iondoe. Inaingia bibi akiwa hajamaliza kupepeta, na mimi nilikuwa bado namtazama.