Kwa anayeanza kumsoma Copernicus: shika penseli kwanza

Wengi wanaoanza somo hili huingia kwa mlango wa hadithi: mtu mpweke, Kanisa lenye hasira, moto. Tunakushauri uingie kwa mlango wa pembetatu. Kilichompa Nicolaus Copernicus ujasiri wa kuliweka Jua katikati ni vipimo vinavyoshikana, na vipimo hivyo utavipata mwenyewe kwa rula, bikari, kipimapembe na kikokotoo cha shule.

Maisha yake yasome upesi. Alizaliwa Toruń, Polandi, tarehe 19 Februari 1473. Alisoma Kraków, kisha Italia: Bologna, Padua alikosomea utabibu, na Ferrara alikopata udaktari wa sheria za Kanisa mwaka 1503. Riziki yake ilitoka kwenye ukanoni, yaani ujumbe wa baraza la kanisa kuu, huko Frombork. Falaki aliifanya pembeni, tena kwa macho matupu, maana darubini haikuwepo bado. Kitabu chake, De revolutionibus, kilichapwa Nuremberg mwaka 1543, na yeye akafariki tarehe 24 Mei mwaka huohuo. Aliyechomwa moto Roma mwaka 1600 ni Giordano Bruno, usiwachanganye. Angalia pia dibaji isiyo na jina inayodai kwamba yote haya ni mbinu za hesabu tu: iliandikwa na Andreas Osiander. Ukiinukuu kama kauli ya Copernicus, umeteleza kabla hujafika sura ya kwanza.

Sasa kazi yenyewe. Anza na Zuhura. Haiendi kamwe mbali na Jua zaidi ya nyuzi 47 hivi. Inapofika mwisho wa kujitenga huko, mstari kutoka Dunia hadi Zuhura unaugusa tu mzingo wake (njia yake ya kulizunguka Jua) bila kuukata, kwa hiyo pembe iliyopo Zuhura ni nyuzi 90. Pembe iliyopo Dunia umeshaipima angani: tuseme 46. Sini ya 46 ni 0.72, na huo ndio umbali wa Zuhura kutoka Jua ukiuchukulia umbali wa Dunia kuwa 1. Kipimo cha leo ni 0.723.

Ukitaka kuipima pembe hiyo angani, subiri majira ambayo Zuhura inaonekana magharibi jioni. Usilitazame Jua, tia alama mahali linapozamia, kisha pima mara tu sayari hiyo inapojitokeza. Kosa la kwanza la wanafunzi ni kupima urefu wa Zuhura wima kutoka upeo wa macho. Pima mstari ulioinama, kutoka Zuhura hadi pale Jua lilipo. Kosa la pili ni kuchelewa. Walio karibu na ikweta waongeze takriban nyuzi 1 kwa kila dakika 4 zilizopita tangu Jua lizame, kwa sababu Jua linaendelea kushuka chini ya upeo. Usihangaike kuupata usiku wenyewe hasa wa pembe kubwa kabisa: kwa siku kadhaa kabla na baada, pembe hiyo hubadilika kidogo mno.

Zoezi la Mirihi ndilo linalofungua macho. Chora duara la nusukipenyo cha sentimita 4 kwa Dunia, na la sentimita 6 kwa Mirihi, Jua likiwa katikati. Kila hatua ni nusu mwezi: Dunia inasogea nyuzi 15, Mirihi nyuzi 8. Hatua 0, weka Dunia kwenye nyuzi 0 na Mirihi kwenye 42. Endelea hadi hatua 12, ukiunganisha Dunia na Mirihi kwa mstari kila mara. Katika hatua ya 6 zote zitakuwa kwenye 90. Kisha pima mwelekeo wa kila mstari kwa kuulinganisha na mwelekeo wa nyuzi 0. Utaona unapanda hadi kufikia nyuzi 98 hivi, unakaribia kusimama kati ya hatua 3 na 4, halafu unarudi: 95, 90, 84, mpaka hatua ya 8, ndipo unaanza kwenda mbele tena. Huko ndiko kurudi nyuma kwa Mirihi kunakoonekana angani, ilhali Mirihi haikugeuka popote. Dunia imeipita tu.

Hapa wengi hukosea kwa kuangalia mahali mstari unapokata ukingo wa karatasi. Nyota ziko mbali mno, kwa hiyo mistari miwili sambamba inaelekea nyota ileile hata ikikata ukingo mahali tofauti. Linganisha pembe.

Thamani ya kazi hii ni kwamba katika mpangilio wa Ptolemy, mwanafalaki wa kale aliyeiweka Dunia katikati, unaweza kuikuza mizunguko ya Zuhura mara mbili bila Mirihi kuguswa. Kwa Copernicus huwezi: umbali wa Dunia ndio fimbo ya kupimia sayari zote.

Usiseme, hata hivyo, kwamba mfumo wake ulikuwa mwepesi au sahihi zaidi katika utabiri. Alishikilia miduara, na juu yake akaweka miduara midogo; duaradufu zilikuja na Kepler mwaka 1609. Wala usiwadharau waliompinga. Kama Dunia inazunguka Jua, nyota za karibu zingepaswa kuonekana zikisogea kidogo katika mwaka, na Tycho Brahe, mpimaji hodari kuliko wote wa enzi zake, hakuona kitu. Copernicus alijibu kwamba nyota ziko mbali kupita kiasi. Msogeo huo ulipimwa na Friedrich Bessel mwaka 1838, kwa nyota iitwayo 61 Cygni: kama theluthi moja ya sekunde ya pembe (sekunde moja ni sehemu ya 3600 ya nyuzi moja), sawa na sarafu ya sentimita 2 ikitazamwa kutoka zaidi ya kilomita 12.