Mwanangu, mahali pako papo

Mwanangu mpendwa,

Baada ya matanga ya baba yako mdogo uliniandikia kutoka Nakuru ukiuliza: "Baba, nisipoolewa, nina mahali hapo nyumbani?" Unapo. Nimeanza na hilo ili usisome yanayofuata ukiwa na wasiwasi.

Najua swali limetoka wapi. Hata mkoba hujautua, shangazi zako walishakuuliza mkwe yuko wapi. Ukajifunga leso, ukaingia jikoni, ukasonga ugali wa waombolezaji kwenye sufuria zile kubwa mpaka viganja vikatoka malengelenge. Kaka zako walikuwa hemani wakijadili mipaka ya shamba, na hakuna aliyekuita. Ilhali karo ya mdogo wenu muhula huu umelipa wewe. Jambo hilo limeninyima usingizi.

Wazee husema binti ni mpita njia, shamba lake liko kwa mumewe. Waheshimu, lakini hilo usilikubali. Sheria ya Urithi ya Kenya, inayotumika tangu 1981, inaposema watoto haibagui wa kike na wa kiume, wala haiulizi nani ameolewa. Kuna kesi iliyotoka Eldoret: mabinti walipewa ekari chache kuliko kaka zao, na mojawapo ya hoja ilikuwa kwamba huenda wakaolewa. Mwaka 2005 Mahakama ya Rufani ikaukataa mgao huo. Katiba ya 2010 nayo inataka ubaguzi wa kijinsia katika mambo ya ardhi ukomeshwe.

Hata hivyo, sitaki ungoje nife ndipo uanze kuzunguka kortini. Shamba letu ni dogo, kama mashamba mengi hapa Vihiga, lakini kile kipande cha juu chenye nepia, kati ya mikaratusi na barabara, nakukatia nikiwa hai. Saveya atapima, twende mbele ya bodi ya ardhi kuomba idhini, kisha hati itoke kwa jina lako. Mama yako ameridhia kwa moyo mmoja. Kaka yako mkubwa amenung'unika; nimemjibu kwamba aliyelipiwa chuo na dada yake hamwiti mgeni.

Kuhusu ndoa, ukimpata unayempenda, mlete tumwone. Usipompata, au usipotaka, kipande ni chako vilevile.

Nitumie nakala ya kitambulisho na PIN yako ya KRA, ile namba ya kodi, wiki hii.

Baba yako