Modi za Gemu Hukaa Wapi? Majibu kwa Maswali ya Wasomaji

Maswali ya safari hii yametoka kwa wasomaji wanaocheza Skyrim Special Edition, toleo lililotoka Oktoba 2016, kwenye kompyuta za Windows, nao wanatumia Vortex au Mod Organizer 2 kusimamia modi zao, yaani nyongeza zinazobadilisha gemu. Nimeyaweka pamoja kwa sababu yana mzizi mmoja: mtu anaiona modi ndani ya gemu, lakini hajui faili lenyewe liko wapi kwenye diski, na asipojua hilo atafuta kisichofaa kufutwa siku nafasi itakapombana.

Swali: Mimi hufungua zip ya modi na kumwaga vilivyomo ndani ya folda ya Data, na gemu inakubali. Programu hizi zitanisaidia nini zaidi?

Gemu inakubali kwa sababu Skyrim hutazama folda ya Data tu, wala haiulizi nani ameweka nini humo. Shida huanza siku ya kuondoa. Chukua modi mbili zinazobadilisha sura ya ardhi: ya kwanza inaweka picha zake kwenye Data\textures\landscape, na ya pili inaleta kwenye folda hiyohiyo picha zenye majina yaleyale. Windows itakuuliza kama unataka kubadilisha mafaili yaliyopo, utakubali, na hapohapo picha za modi ya kwanza zitakuwa zimefutika. Ukija kuichoka modi ya pili na kuitoa, utabaki na ardhi yenye viraka, mahali pengine pakiwa na picha za modi ya kwanza na mahali pengine pakiwa pamerudia sura ya asili.

Programu ya kusimamia modi huzuia hilo kwa kutenga mahali patatu. Pa kwanza ni ghala la mafaili ya zip au 7z kama yalivyopakuliwa. Pa pili ni folda ambamo kila modi iliyofunguliwa ina folda yake, ikiwa kamili na bila kuchanganyika na nyingine. Pa tatu ni folda ya gemu, ambayo huonyeshwa matokeo tu. Mgongano wa majina huamuliwa wakati wa kuonyesha, kwa hiyo faili lililoshindwa halifutwi, bali hubaki kwenye folda yake, na mshindi akiondolewa lenyewe hushika nafasi. Kwa kawaida Vortex huweka folda hiyo ya pili ndani ya AppData\Roaming\Vortex\skyrimse\mods, na kwa kuwa Windows huificha folda ya AppData, wengi hawajawahi kuiona. Katika Mod Organizer 2 folda hiyo inaitwa mods, nayo iko jirani na downloads, profiles na overwrite.

Swali: Laptop yangu ina SSD ya GB 256. Folda ya modi ya Vortex inaonyesha GB 40, na folda ya Data nayo imeongezeka GB 40. Je, kila modi inakula nafasi mara mbili?

Hapana, ingawa Windows inakuonyesha hivyo, na hofu yako ina msingi kwa mwenye diski ndogo. Vortex hutumia hadilinki. Kwenye diski ya NTFS, yaani mfumo wa kupanga mafaili unaotumiwa na Windows, jina la faili na yaliyomo ndani yake ni vitu viwili vilivyo mbalimbali, na yaliyomo yanaweza kuwa na majina zaidi ya moja katika folda tofauti, kama mtu anayeitwa jina moja nyumbani na jingine kazini. Unapobonyeza Deploy Mods, kitufe cha kuzionyesha modi kwenye folda ya gemu, Vortex hainakili chochote. Huandika jina la pili ndani ya Data kwa faili lililoko kwenye folda yake. File Explorer inapojumlisha ukubwa wa folda huhesabu kila jina inalolikuta, bila kujali kwamba majina hayo yanaelekea kwenye data ileile.

Unaweza kulithibitisha mwenyewe kwa njia mbili. Tazama nafasi iliyobaki kwenye diski nzima kabla na baada ya kubonyeza Deploy Mods, nawe utaona kwamba haikupungua kwa GB 40. Au fungua Command Prompt, andika fsutil hardlink list, kisha njia kamili ya faili mojawapo lililoko ndani ya Data. Ikiwa faili hilo limeletwa na Vortex, utaandikiwa njia mbili, moja ikiishia kwenye folda ya gemu na nyingine ikiishia ndani ya AppData.

Jambo hili lina matokeo ambayo ni lazima uyajue. Ukifuta faili ndani ya Data ili kupata nafasi, hutapata hata megabaiti moja, kwa sababu jina jingine bado lipo, na mara nyingine Vortex itakapopanga mafaili itakuuliza kwa nini faili halipo. Ukihariri faili ndani ya Data, huenda umehariri pia lile lililoko kwenye folda ya Vortex, kwa kuwa ni faili hilohilo. Lakini zipo programu ambazo, zikihifadhi, hufuta faili la zamani na kuandika jipya, na hapo uhusiano wa majina mawili hukatika. Vortex huligundua badiliko hilo na kukuuliza kama ulihifadhi au ulitupe. Tafadhali lisome swali hilo kabla ya kubonyeza, kwa maana nimeona watu wakipoteza mipangilio ya siku nzima kwa kuchagua jibu lililo karibu na kidole.

Kinachokula nafasi mara mbili kweli ni ghala la zip. Modi ikishafunguliwa, zip yake inaendelea kukaa palepale ilipopakuliwa. Sikushauri uifute, hasa kama unanunua intaneti kwa bando, kwa sababu kuisakinisha modi upya kunahitaji zip hiyo, na pengine toleo unalolitumia litakuwa limekwisha kuondolewa kwenye tovuti. Ihamishie kwenye diski ya nje.

Swali: Nimenunua diski ya nje. Nataka modi zikae huko na gemu ibaki kwenye C, lakini Vortex inakataa. Nifanyeje?

Hadilinki haiwezi kuvuka kutoka diski moja kwenda nyingine, wala kutoka sehemu moja ya diski kwenda sehemu nyingine. Zaidi ya hayo, diski nyingi za nje huuzwa zikiwa na mfumo wa exFAT, ambao hauna hadilinki kabisa. Kwa hiyo gemu na folda ya modi vikae pamoja kwenye diski moja ya NTFS, au utumie Mod Organizer 2, ambayo haina sharti hilo. Ukiamua kuihamisha folda ya modi ya Vortex, badilisha njia yake ndani ya Settings, kwenye ukurasa wa Mods, na uiache programu ihamishe mafaili yenyewe. Usiikate na kuibandika kwa File Explorer.

Swali: Shikamoo. Ninatumia Mod Organizer 2, na nikifungua folda ya Data sioni modi hata moja, ilhali kwenye gemu zimo zote. Tena xEdit, programu ya kukagua na kuhariri modi, nikiifungua kutoka kwenye desktop haioni kitu. Zimejificha wapi?

Marahaba. Hazijajificha; ndani ya Data hazimo kabisa. Mod Organizer 2 huanzisha gemu yenyewe, kisha hujipenyeza kati ya gemu na Windows. Gemu inapoomba faili fulani la folda ya Data, programu hutazama modi ulizowasha, humpata mshindi, na kuipa gemu faili hilo kutoka kwenye folda ya mods. Kwa macho ya gemu, folda ya Data imejaa. Kwa macho yako na ya File Explorer, ina vitu vya asili peke yake.

Kwa sababu hiyo, programu yoyote inayotakiwa kuona modi zako ni lazima ianzishwe kutoka ndani ya Mod Organizer 2. Iongeze xEdit kwenye orodha yake ya programu, uichague, kisha ubonyeze Run. Gemu nayo ukiianzisha moja kwa moja kutoka Steam itakuja bila modi. Faida yake ni kubwa: Steam ikihakiki mafaili ya gemu, modi zako haziguswi.

Kuna jambo moja lisiloingia kwenye mpango huu. SKSE, nyongeza inayoipa Skyrim uwezo ambao modi nyingi huutegemea, ina mafaili yanayopaswa kukaa kando ya SkyrimSE.exe, yaani nje ya Data, likiwemo skse64_loader.exe. Hayo utayaweka kwa mkono wako kwenye folda ya gemu.

Swali: Folda ya Overwrite inanipa onyo kila siku. Niifute?

Usiifute kabla ya kutazama kilichomo. Programu za kuzalisha mafaili ya gemu, kama DynDOLOD (mandhari ya mbali) au Nemesis (mienendo ya wahusika), ikitengeneza faili jipya ambalo si la modi yoyote, Mod Organizer 2 hulipeleka Overwrite, na faili hilo linatumika kwenye gemu kwa kipaumbele kuliko modi zote. Bonyeza kitufe cha kulia juu ya Overwrite, chagua Create Mod, na uipe modi hiyo mpya jina linalosema ilikotoka. Ukifanya hivyo kila baada ya kuendesha programu ya aina hiyo, utaweza kuyazima matokeo yake bila kugusa kitu kingine.

Swali: Kwenye Mod Organizer 2 nimeiweka modi yangu chini kabisa upande wa kushoto ili ishinde, lakini kwenye gemu bado inashindwa. Kwa nini?

Orodha ya kushoto huamua mafaili yaliyo wazi, yaani yasiyofungwa ndani ya faili jingine, kama picha na maumbo. Orodha ya kulia ni ya plagini, yaani mafaili ya esp, esm na esl, na hiyo ndiyo inayoamua, kwa mfano, silaha ina uzito gani au mji una watu gani. Modi inaweza kushinda huku na kushindwa kule. Tena modi nyingine hufunga picha zake ndani ya faili moja la BSA, na Skyrim daima hulipa faili lililo wazi nafasi mbele ya lile lililo ndani ya BSA, hata kama modi yenye BSA iko chini kabisa. Nadhani ndilo lililokupata. Bonyeza modi mara mbili, ufungue ukurasa wa Conflicts, utaona mshindi ni nani.

Ukiwa kwenye orodha ya kulia, chunga pia idadi. Skyrim Special Edition hupokea plagini kamili 254. Zile nyepesi za esl hubanwa zote kwenye nafasi moja tu, yenye namba FE, nazo zinaweza kufika 4096.

Swali: Mdogo wangu anataka modi zake na mimi zangu kwenye kompyuta ileile. Na nikitaka kupiga Windows upya, nihifadhi nini?

Tumieni profaili mbili, yaani orodha mbili za modi zilizowashwa, kila mtu na yake. Folda za modi ni zilezile. Kinachotofautiana ni mafaili madogo ya maandishi. Fungua modlist.txt ndani ya profaili ya Mod Organizer 2, utaona kila modi kwenye mstari wake, yenye alama ya kujumlisha ikiwa imewashwa na ya kutoa ikiwa imezimwa. Angalia tu kwamba mstari wa juu ndio wenye nguvu zaidi, kinyume cha orodha unayoiona kwenye skrini. Washeni pia chaguo la kutenga save, yaani mafaili ya mchezo uliohifadhiwa, za kila profaili, ili mdogo wako asije akafungua safari yako akiwa amezima nusu ya modi inazozitegemea.

Kabla ya kupiga Windows upya, nakili mods, profiles, overwrite na downloads. Kama hukuwasha chaguo hilo, save ziko Documents\My Games\Skyrim Special Edition\Saves. Zinakili zikiwa pamoja, yaani faili la ess na lile la skse lenye jina sawa, kwa sababu modi zinazotegemea SKSE huandika kumbukumbu zao kwenye hilo la pili.