Kabla ya kuuliza kamera

Juzi kijana mmoja wa Dodoma ameniandikia: "Kaka, nataka kutengeneza dokumentari kama yako ya Wasami. Ninunue kamera gani?" Swali hilo nimeulizwa mara nyingi tangu filamu hiyo ya Wasami, wenyeji wa asili wa kaskazini mwa Norwei na nchi jirani, ianze kuonyeshwa, nami nafurahi, maana nimeihangaikia miaka minne. Lakini mdogo wangu, anza kwingine.

Nilifika Kautokeino, kaskazini mwa Norwei, mwezi wa Desemba, wakati jua halichomozi kabisa. Mzee niliyeelekezwa kwake alinikaribisha kahawa, nami hata sijaimaliza nikamuuliza, "Una kulungu wangapi?" (yaani reindeer, kulungu wa nchi za baridi wanaofugwa huko) Akanyamaza, akainuka kuchochea moto. Baadaye binti yake alinieleza kwamba kumuuliza mfugaji wa Kisami idadi ya kulungu wake ni sawa na kumuuliza ana pesa ngapi benki. Aibu ile haijaniisha. Nimekulia Monduli mimi! Najua ng'ombe wa mtu hawahesabiwi. Nimewaona watalii wakiwasumbua wazee wetu kwa maswali na picha, nikachukia, kisha nikaenda ugenini kufanya yaleyale.

Kwa hiyo kaa kwanza. Nilikaa majira yote ya baridi nikibeba kuni na kujifunza salamu, "bures", na shukrani, "giitu", kamera ikiwa begini. (Ukianza kuitumia, betri zikae mfuko wa ndani, karibu na mwili. Ukitoka kwenye baridi, ifunge kwenye plastiki kabla ya kuingia ndani, la sivyo lenzi itapata ukungu.) Ndipo nikagundua kwamba Wasami wengi hawafugi kulungu. Binti wa mzee ni muuguzi. Yeye ndiye aliyenisimulia jinsi bibi yake alivyokatazwa Kisami katika shule ya bweni, na akazeeka akiwasemesha wajukuu Kinorwei tu. Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Norwei ilieleza mambo ya namna hiyo katika ripoti yake ya Juni 2023.

Kituo kimoja cha televisheni kilitaka nimwondoe muuguzi, niongeze kulungu na mavazi ya rangi. Nikakataa, nikakosa mkataba. Inaniuma mpaka leo, kwa sababu nilikuwa na madeni. Lakini usikubali, mdogo wangu. Ukiwapamba watu ili wauzike, umewauza.

Na jambo la joiki, wimbo wa Wasami. Mzee aliniimbia ya marehemu mama yake, nikairekodi, nikaiweka chini ya picha za milima zilizopigwa kwa droni. Ilipendeza mno, nilijivunia. Nilipowaonyesha familia, binti akaomba nisimamishe. Akasema joiki haimzungumzii mtu. Ukiimba, mtu mwenyewe yupo, na joiki ni mali ya anayeimbwa. "Umemweka bibi yangu kuwa muziki wa mandhari," akaniambia. Nilijitetea kwamba mzee aliniruhusu kurekodi. Kweli aliruhusu, ila sikumwambia ninaipeleka wapi. Waonyeshe watu kazi yako kabla haijatoka, tena mapema, wakati bado unaweza kukata.

Nilikata. Pale mahali sasa pana sekunde arobaini za mzee akitembea, na theluji ikilia chini ya viatu vyake.